Pipa la Mama na Mikono ya Wageni

Duka la Achari la Matsunobu,
Mtaa wa Maduka wa Hiwatari,
Kokura, Japani.
24 Juni

Mpendwa wifi yangu Chizuru,

Hujambo mwenzangu, na hamjambo nyote huko ng'ambo, Londrina? Kifua cha Bwana Arimura kimepata nafuu, au bado anakohoa na huku anakataa dawa? Kenzo na Livia wanaendeleaje na masomo? Waambie shangazi yao anawauliza, na kwamba sura zao kwenye picha mliyotuma zimekuwa za watu wazima mpaka nimeona haya kuwatumia peremende.

Sisi huku hatujambo kiasi. Mvua za Juni zimeanza, nguo hazikauki, na mkate ukilala usiku mmoja unaamka na ndevu. Kaka yako mgongo unamsumbua kila akitakiwa kunyanyua kitu, na hupona kila akitakiwa kwenda kwenye kikao. Mama ni mzima kuliko sisi sote. Yeye ndiye sababu ya barua hii.

Kahawa yako imefika salama, asante sana. Na maneno yako yamefika pia. Umeandika kwamba umeona mtandaoni picha za Mama na watalii, kila picha anacheka meno yote nje, ukafurahi sana kwamba matembezi haya yamemrudishia uhai. Halafu ukaongeza: "Lakini wewe wifi, mbona kila picha uko nyuma umenuna kama umekalia mwiba?" Haya. Sasa tulia nikueleze huo mwiba.

Mwiba wenyewe uliletwa na Bwana Ejima, muuza tofu za soya, ambaye mwaka huu ndiye mwenyekiti wa chama cha wenye maduka. Alisema mtaa unakufa, na kweli unakufa, nusu ya milango imefungwa tangu muuza viatu alipostaafu. Dawa yake ni kuwaleta wageni kutembea mtaani kwa vikundi, wakiongozwa na mjukuu wake Nagisa, ambaye Kiingereza amekisoma na sasa hana pa kukitumia. Kila duka litoe cha kuonja na habari kidogo za zamani. Kaka yako nilimtuma kikaoni akakatae. Nilimfunga tai mwenyewe! Akarudi amekubali. Namuuliza imekuwaje, ananijibu: "Mwenye samaki alikubali, mwenye chai akakubali, yule wa katlesi akakubali. Ningekataaje mimi peke yangu, nionekane nani?" Baadaye nimemuuliza mke wa mwenye samaki, kumbe naye mumewe alikwenda kukataa. Mwenye chai vilevile. Ndio wanaume wa Hiwatari hao, wanaingia kikaoni kukataa na wanatoka wameinamisha vichwa wote pamoja.

Basi wakaanza kuja. Kila Jumamosi asubuhi nasikia kwanza kengele ndogo ya Nagisa, kisha naona kibendera chake cha njano kinakuja chini ya paa la mtaa, na nyuma yake kundi la watu warefu wenye viatu vya kupanda milima. Sijui wanapanda mlima gani hapa. Sina ugomvi nao, ni watu wazuri, wanashukuru kwa kila kitu mpaka wewe ndiye unayechoka. Lakini wanasimama mlangoni kama ng'ombe kwenye josho, na Bibi Urabe na kile kigari chake cha sokoni hapati pa kupita. Wanapiga picha tango. Mmoja alipiga picha ndoo yangu ya kupigia deki! Mwingine aliomba kijiko aonje zile pumba za mchele tunamochachulia achari, mbichi vilevile, na akaonja, na akasema ni tamu, akiwa na machozi machoni.

Na uongo wa Nagisa sasa! Wewe unajua pipa letu, pumba zake zilianzwa na mama mkwe wa Mama, ndiye aliyelibeba mgongoni wakati wa mabomu badala ya kubeba blanketi. Basi, umri wake tunaujua. Jumamosi ya kwanza Nagisa aliwaambia wageni lina miaka mia. Hiyo niliiacha ipite, ni karibu na kweli. Wiki iliyofuata likawa na mia na hamsini. Majuzi nimelisikia limefika mia mbili, na kaka yako anatikisa kichwa kukubali kama shahidi.

Yote hayo ningeyameza, wifi. Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Mimi ningewapa ufagio na tungeelewana. Lisilomezeka ni la Mama.

Siku ya kwanza tu, kabla Nagisa hajamaliza maelezo, Mama alijikokota na kiti chake mpaka karibu na pipa, akaondoa kifuniko, akamshika mkono bibi mmoja mwenye pete tatu, akamwambia kwa Kijapani, kana kwamba yule anaelewa: "Ingiza mkono, mwanangu. Ingiza usiogope, halina meno!" Na yule bibi akaingiza mpaka kiwiko, na pete zake. Wakacheka wote. Mama akaita mwingine: "Na wewe mrefu, njoo, usijifiche!" Akaingia yule mrefu. Kisha mkewe. Kisha mtu wa tatu ambaye mikono yake ilikuwa inanukia sabuni ya mawaridi mpaka mimi niliyekuwa kwenye mizani niliisikia.

Wifi, nilisimama pale na tango mkononi, nisijue nilie au nicheke.

Wewe uliondoka nyumbani ungali msichana, hukuona mimi niliingiaje. Niliolewa na kaka yako nikiwa na ishirini na kitu, natoka nyumba ya watu wa mjini wasiojua kuchachua hata kabichi. Siku ya pili nikasogea kwenye pipa nisaidie. Mama yako akanishika kifundo cha mkono, akasema: "Mkono wako una joto. Utaliua." Basi. Kwa miaka kumi na zaidi mimi nilikuwa mtu wa kuosha matango, kusugua biringanya kwa chumvi, na kupangusa ukingo wa pipa kwa kitambaa. Ukingo tu! Wateja wakisema achari ni nzuri, Mama anajibu mbele yangu: "Huyu mke wa Hidenori bado hajui kitu, mtuvumilie." Najua ndivyo heshima yetu ilivyo, hatumsifu wa kwetu mbele za watu. Mama yangu mzazi naye alinisema hivyo hivyo kwa majirani. Lakini jamani, kuna heshima ya siku moja na kuna heshima ya miaka thelathini.

Pipa nililigusa Mama alipovunjika kiwiko. Alikuwa hospitalini, na hakuniambia mimi, alimwambia kaka yako: "Mwambie alikoroge, asubuhi na jioni, mpaka chini." Toka siku hiyo hadi leo ni mimi. Kiwiko kilipona, pipa hakulirudia, wala hakusema kwa nini. Tangu hapo sijalala nje ya nyumba hii majira ya joto. Mama yangu alipofariki, Agosti ile, nilikwenda Oita na treni ya alfajiri, nikamzika, nikarudi jioni ile ile kukoroga pumba. Ndugu zangu mpaka leo hawajanisamehe vizuri. Sikujuta, ila sikusahau.

Sasa mimi mwenye historia hiyo nione mtalii aliyeshuka kwenye meli jana anatiwa pipani mpaka kiwiko, na anaambiwa usiogope! Hapo ndipo picha zako zilipopigwa. Umeelewa kununa kwangu?

Nilimwambia kaka yako jioni ile. Nikasema, Hidenori, hii mikono italiharibu. Kila mkono una vijidudu vyake. Akasema: "Mama anafurahi." Ni kweli alikuwa anafurahi, sitamnyima haki yake. Rafiki zake wote wamekwisha kufa, Bibi Urabe ndiye aliyebaki na naye masikio hayasikii. Siku hizi Jumamosi anaamka kabla yangu, anapiga pasi aproni mwenyewe, anapaka rangi ya mdomo. Rangi ya mdomo, Chizuru, kwa umri ule! Mimi ndiye nimwondolee hiyo? Nikawa nakoroga zaidi na kuongeza chumvi.

Wiki baada ya wiki pipa likaanza kubadilika. Kwanza pumba zikalegea. Halafu ikaja harufu, si ile yetu ya uchachu mtamu, bali kali, ya puani, kama rangi ya kucha. Nikatoa tango, likawa chungu kwa nyuma. Nikamwonjesha kaka yako, akatafuna, akasema: "Tango ni tango." Mtu aliyezaliwa juu ya duka la achari!

Aliyenikata maini ni Bibi Urabe. Amenunua kwetu biringanya mbili kila Jumanne tangu kabla sijaolewa. Jumanne ile alisimama, akanisalimia vizuri, akasifu mvua, akauliza hali ya mgongo wa kaka yako, akaenda kwa Ejima akanunua tofu, akapita zake. Hakusema neno. Hawasemi, unajua watu wetu, hakuna atakayekurudishia tango na kugomba. Wanapita tu wakitabasamu, na siku moja unafunga duka. Kimya kingi kina mshindo mkuu. Kaka yako akasema: "Labda leo hana hamu." Nusura nimtie yeye pipani.

Nikamwambia, leo zungumza na mama yako. Akasema: "Zungumza wewe, ninyi ndio mnaoelewana." Tangu lini? Nilimwuliza, tangu lini? Akakumbuka kwamba ana mzigo wa kupeleka bandarini, na mgongo ukawa mzima ghafla.

Basi nikaamua peke yangu. Ijumaa nilichota tabaka lote la juu nikalitupa. Nikakaanga pumba mpya mpaka nyumba nzima ikanukia, nikatia chumvi, unga wa haradali, pilipili kavu na maganda ya mayai yaliyosagwa, nikachanganya mpaka mabega yakafa ganzi. Nikafunika, nikafunga kitambaa cheupe juu yake, mafundo mawili. Pipa likiwa hivyo linatakiwa lipumzike, lisiguswe ila na mkono mmoja linaoujua. Usiku sikupata usingizi. Nilikuwa najiuliza kama halitapona, itakuwaje? Baba, babu, mama mkwe wa Mama, wote wananitazama kutoka kwenye picha zao juu ya meza ya udi, na mimi ndiye niliyekuwa zamu.

Jumamosi ikafika. Kengele, kibendera, viatu vya milima. Wageni wanane, na tayari bwana mmoja mwenye ndevu nyekundu alikuwa amekunja mkono wa shati, kwa sababu sifa za pipa zimekwisha sambaa. Mama yuko kitini na rangi ya mdomo. Akaita: "Masayo! Fungua pipa, wageni hawa."

Nikasema: "Leo halifunguliwi, Mama."

"Umesemaje?"

"Halifunguliwi. Linaumwa. Mikono imelizidi."

Wifi, hebu fikiria. Mke wa mwana kumkatalia mama wa nyumba mbele ya watu, na watu wenyewe wageni! Sijawahi kufanya kitu kama hicho maishani mwangu. Kaka yako aliinama akaanza kusoma namba za mizani, ambayo haikuwa na kitu juu yake. Nagisa alibaki na tabasamu lake limegandia usoni. Nami nikasimama mbele ya pipa, na kusema kweli, kama angenisogeza kwa mkono nisingesogea.

Mama akalitazama lile fundo. Akanitazama mimi, kama mtu anayetafuta senti iliyoanguka. Nikajua sasa ninaaibishwa, nitaambiwa mkono wangu una joto mbele ya hawa watu wa ndevu nyekundu. Kisha akamgeukia Nagisa.

"Waambie wageni," akasema, "mwenye pipa amekataa."

Nagisa akababaika. "Lakini Bibi, si pipa lako? Mimi kila siku nawaambia ni lako."

"Langu wapi? Mimi tangu mwaka juzi hata harufu yake siisikii. Naweka pua, hamna kitu. Lingekuwa langu lingekwisha kufa zamani. Mwenyewe ni huyo hapo, mwenye uso mkali. Tafsiri kama nilivyosema, usitie miaka yako mia mbili."

Nagisa akatafsiri. Wageni wote wanane wakanigeukia, wakaniinamia, wengine wakiinama chini mno kama wamepoteza kifungo, na yule wa ndevu akateremsha mkono wa shati na kufunga kifungo chake polepole. Nami nikawaambia karibuni, nikasema natafuta chumvi, nikaingia stoo. Chumvi ilikuwa mkononi mwangu.

Nililia, ndiyo. Lakini usidhani nililia kwa furaha tupu, nilikuwa na hasira za kupasua jiwe! Hivi mtu anakaa na wewe nyumba moja miaka yote hiyo, mnakula meza moja, unamwosha mgongo, na neno hilo moja unalolisubiri analo mdomoni. Kisha analitoa kwa nani? Kwa watu ambao kesho yake wako Hiroshima! Angeniambia jikoni, ingempunguzia nini? Na la pua je? Amepoteza harufu tangu mwaka juzi, hakumwambia mtu, na mimi mpumbavu nikimwona ananusa kila asubuhi na kutikisa kichwa nilikuwa napumua, najisemea leo limepita mtihani. Kumbe nilikuwa najipasisha mwenyewe.

Jioni nilisubiri. Nilimpikia wale samaki wa kuchemshwa na pumba anaowapenda, nikakaa mbele yake, nikasema moyoni, sasa atasema. Akala. Akachokonoa meno. Akasema: "Kesho mvua." Ndio mama yako huyo, wifi, mchukue na kahawa yake.

Pipa limepona. Harufu imerudi wiki ya pili, na Jumanne Bibi Urabe alinunua biringanya mbili, akazungumza habari za mvua tena. Wageni bado wanakuja. Nimemwekea Mama beseni la pumba za kawaida, awachezeshe mikono humo mpaka achoke, na wanafurahi vilevile, maana hawajui tofauti. Bwana Ejima sasa anataka na Jumatano. Kaka yako amekwenda kikaoni kukataa, kwa hiyo jitayarishe kuona picha za Jumatano.

Msalimie sana Bwana Arimura, na Kenzo na Livia, na yule mama jirani yako anayelima figili. Hidenori anakusalimu, amesema ataandika, na wewe unamjua. Baba na wazee wote nimewawashia udi kwa niaba yako, nao wawatazame huko mliko, mpate afya, watoto wafaulu, na baridi isiingie kifuani kwa mtu.

Nina ombi moja. Utakapompigia Mama simu, usimwambie kwamba nimekuandikia haya, nisije nikaambiwa nina mdomo. Mwulize tu, kama mtu anayeuliza habari za nyumbani, siku hizi pipa ni la nani. Mwulize saa za asubuhi, nikiwa karibu nakoroga, na umwambie apaze sauti kwa sababu humsikii vizuri. Nataka nilisikie neno lile mara moja bila mgeni.

Ni mimi wifi yako akupendaye, nisiye na uso wa picha,
Masayo